Binti yangu anapenda sataranji kupita kiasi: je, ataishia kama Fischer?

"Binti yangu ana miaka 13. Alijifunza sataranji akiwa na miaka 8 na sasa ndiyo maisha yake. Anasoma habari za mabingwa usiku na mchana, na ukutani amebandika picha ya Bobby Fischer na ya Judit Polgár. Mwalimu wake wa mchezo anasema ana kipaji, na ananishauri nimtoe shule mwaka mzima acheze tu, eti samaki mkunje angali mbichi. Shemeji yangu naye ananionya kwamba mchezo huu humtia mtu wazimu, na hunitajia huyo Fischer na mtu aitwaye Morphy. Mwezi uliopita binti alipoteza mchezo aliokuwa ameshaushika mkononi. Alilia mpaka usiku na chakula hakugusa hadi kesho yake. Juzi nimemkuta saa nane za usiku anacheza kwenye simu chini ya shuka. Je, shemeji yangu anasema kweli? Na shule, nimtoe au nimwache?"

Mama, barua yako nimeisoma mara mbili. Umefunga mambo matatu katika kifurushi kimoja, na kila moja lina jibu lake: hofu ya wazimu, suala la shule, na mtoto anayecheza chini ya shuka wakati nyumba nzima imelala. Hilo la tatu ndilo lililonigusa zaidi na ndilo unaloweza kulishughulikia leo hii. Lakini niruhusu nianze na shemeji yako, kwa sababu watu anaokutajia waliishi kweli na waliugua kweli. Shida iko kwenye namna hadithi zao zinavyosimuliwa.

Paul Morphy alizaliwa New Orleans, Marekani, mwaka 1837. Alijifunza mchezo kwa kuwatazama baba yake na mjomba wake wakicheza. Alipomaliza masomo ya sheria umri wake ulikuwa bado mdogo kuruhusiwa kufanya kazi ya uwakili, basi akatumia muda huo kucheza. Mwaka 1857 akashinda mashindano makubwa ya kwanza ya Marekani, mwaka uliofuata akavuka bahari, na huko Paris akamshinda Adolf Anderssen, Mjerumani aliyehesabiwa kuwa mkali kuliko wote wa Ulaya. Katika mji huohuo alicheza na watu wanane kwa mpigo bila kuuona ubao hata mmoja. Kisha mwaka 1859, akiwa na miaka 22 tu, akarudi nyumbani na kuachana na mchezo wa ushindani. Alitaka aitwe wakili. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vikaja, ofisi yake ya sheria haikusimama, na miaka ya 1870 ndipo ndugu zake walipoanza kuona kwamba anawashuku watu kuwa wanamfanyia njama. Alifariki mwaka 1884, akiwa na miaka 47.

Ukizipanga hizo tarehe kwa mfuatano utaona jambo ambalo wasimulizi huliruka. Maradhi yalimkuta Morphy akiwa ameshaacha mashindano kwa zaidi ya miaka kumi. Kama ubao ndio uliomuumiza, ulingoja muda mrefu mno. Mimi ninachokiona ni kijana aliyepewa sifa zote za dunia kwa kitu alichoambiwa si kazi ya mtu wa heshima, halafu ile kazi ya heshima ikamkataa.

Fischer anastahili nafasi kubwa zaidi, kwa kuwa yuko ukutani kwa binti yako. Alizaliwa Chicago mwaka 1943, akalelewa Brooklyn na mama yake, Regina, bila baba nyumbani. Dada yake Joan ndiye aliyenunua kete na ubao, Bobby akiwa na miaka sita. Mtoto akazama. Mama akaingiwa na wasiwasi kama wako, akaandikia gazeti la Brooklyn Eagle kutafuta watoto wa kucheza na mwanawe. Kwa njia hiyo, Januari 1951, Bobby wa miaka saba alikaa mbele ya ubao kucheza na Max Pavey, mchezaji hodari aliyekuwa akipambana na watu wengi kwa pamoja. Mchezo ulidumu kama robo saa. Mtoto akashindwa, na machozi yakamtoka mbele ya watu. Katika watazamaji alikuwemo Carmine Nigro, kiongozi wa klabu ya sataranji ya Brooklyn. Nigro alimwona yule mtoto anayelia, akamkaribisha klabuni, na kwa miaka kadhaa akawa mwalimu wake. Binti yako akilia tena, mkumbuke Nigro. Chozi la mtoto baada ya kushindwa ni jambo la kawaida kabisa. La kuangalia ni nani anamsogelea wakati huo, na anamwambia nini.

Yaliyofuata yanajulikana. Fischer alitwaa ubingwa wa Marekani akiwa na miaka 14, akawa grandimasta, cheo cha juu kabisa cha wachezaji wa sataranji, akiwa na miaka 15, na alipofika 16 akaacha shule. Mama yake alihama, kijana akabaki kuishi peke yake katika ile nyumba ya Brooklyn kabla hajatimiza miaka ishirini. Mwaka 1971 aliwafunga Mark Taimanov na Bent Larsen sita kwa sifuri kila mmoja, jambo ambalo hakuna aliyedhani linawezekana kwa wachezaji wa ngazi ile. Mwaka 1972 akamshinda Boris Spassky mjini Reykjavik kwa 12½ dhidi ya 8½, akawa bingwa wa dunia. Halafu akatoweka. Mwaka 1975 alikataa kuutetea ubingwa wake mbele ya Anatoly Karpov, na kwa miaka ishirini hakucheza hata mchezo mmoja wa hadharani, mpaka alipokutana tena na Spassky huko Yugoslavia mwaka 1992. Katika miaka hiyo ya ukimya na iliyofuata ndipo chuki na shuku zake zilipokua, akafika mahali pa kusema maneno ya kutisha dhidi ya Wayahudi, ilhali mama yake mwenyewe alikuwa Myahudi. Alifariki Iceland mwaka 2008 akiwa na miaka 64.

Sitakuficha: hayo ni maisha ya kuhuzunisha, na sipendi watu wanapoyafanya kuwa hadithi tamu ya kipaji na wazimu. Lakini angalia lini mambo yaliharibika. Alipokuwa anacheza alikuwa na ratiba, safari, wapinzani wa kumsahihisha, na sababu ya kuamka asubuhi. Alipoacha hakuwa na kitu kingine: shule aliikata, kazi nyingine hakuwa nayo, na watu wa karibu alikuwa amewafukuza mmoja baada ya mwingine. Mtu mwenye mguu mmoja tu wa kusimamia, ukiondolewa huo anaanguka.

Wapo wengine ambao shemeji yako angeweza kuwataja. Wilhelm Steinitz, bingwa wa kwanza rasmi wa dunia tangu 1886, alifariki New York mwaka 1900 akiwa maskini na mgonjwa wa akili. Akiba Rubinstein, aliyeshinda mashindano makubwa matano katika mwaka mmoja wa 1912, alikuwa akitarajiwa kupambana na bingwa Emanuel Lasker. Vita vya Kwanza vya Dunia vikaifuta mechi hiyo, na afya ya akili ikamsumbua mpaka akaacha mashindano kabisa miaka ya 1930. Siwafichi.

Sasa tuhesabu pamoja. Tangu Steinitz mwaka 1886 hadi Gukesh Dommaraju aliyetwaa taji Desemba 2024, mabingwa wa dunia wa mfululizo huu ni 18. Steinitz aliugua uzeeni. Fischer ndiye huyo tuliyemzungumza. Alexander Alekhine alisumbuliwa na pombe. Ding Liren, aliyetwaa taji mwaka 2023, alizungumza wazi juu ya uchovu na sonona iliyomshika baadaye, akapumzika miezi kadhaa, kisha akarudi kulitetea taji lake. Wengi waliobaki waliishi maisha ambayo mtu hawezi kuyatungia hadithi ya kutisha, na ndiyo sababu shemeji yako hajawahi kuyasikia. Hakuna ushahidi wa kitabibu kwamba kusogeza kete husababisha ugonjwa wa akili. Ugonjwa wa akili huwapata wahasibu, wakulima na walimu pia, ila mhasibu akiugua hakuna anayeilaumu hesabu.

Ngoja nikupe majina ya kubandika kando ya Fischer.

Lasker alishika ubingwa miaka 27, kuanzia 1894 hadi 1921, na hakuna aliyewahi kumfikia. Katikati ya miaka hiyo alipata shahada ya udaktari wa hisabati, na kazi yake ya 1905 katika aljebra bado inafundishwa vyuo vikuu kwa jina lake. Alikuwa akiweza kukaa mbali na mashindano kwa miaka na kurudi akiwa mkali vilevile. Mwaka 1935, akiwa na miaka 66 na mkimbizi aliyeikimbia Ujerumani ya Hitler, alicheza Moscow akashika nafasi ya tatu, mbele ya José Raúl Capablanca aliyemnyang'anya taji. Max Euwe wa Uholanzi alikuwa mwalimu wa hisabati katika shule ya wasichana. Mwaka 1935 akamshinda Alekhine na kuwa bingwa wa dunia, na baadaye aliongoza Shirikisho la Sataranji Duniani, FIDE, kuanzia 1970 hadi 1978. Mikhail Botvinnik alijifunza mchezo akiwa na miaka 12, karibu sawa na umri wa binti yako sasa. Alikuwa mhandisi wa umeme mpaka mwisho, akawa bingwa mara tatu, kisha katika shule yake ya sataranji wakapita Karpov, Kasparov na Kramnik, ambao wote walikuja kuwa mabingwa wa dunia. Vasily Smyslov alikuwa na sauti nene ya kuimba opera na alijaribu kuingia ukumbi wa Bolshoi. Walipomkataa akaendelea na kete, akawa bingwa mwaka 1957, na mwaka 1984 akiwa na miaka 63 alifika fainali ya kumtafuta mpinzani wa bingwa, akasimamishwa na Kasparov ambaye angeweza kuwa mjukuu wake.

Na Taimanov, yule aliyefungwa sita kwa sifuri? Serikali ya Kisovieti ilimwona kama msaliti kwa kushindwa vile. Walimkata mshahara na kumzuia kusafiri. Ni pigo la kumvunja mtu. Lakini Taimanov alikuwa pia mpiga piano wa majukwaa makubwa, na baada ya kipigo kile alisema kwamba bado anao muziki wake. Aliishi mpaka miaka 90. Kila mara ninapomfundisha mtoto mwenye kipaji namsimulia habari za Taimanov kabla ya habari za Fischer. Kipigo ni kilekile, na wote wawili walihusika nacho. Tofauti ni kwamba mmoja alikuwa na mahali pengine pa kukaa usiku ule.

Mpaka hapa shemeji yako tumemjibu. Tumgeukie binti, kwa sababu kile kilio na kile chakula kilichoachwa vina maelezo yake.

Sataranji inauma kwa namna yake ya pekee. Katika mpira kuna refa, kuna mwenzako aliyekosa penalti, kuna uwanja mbovu. Katika karata kuna bahati ya kugawiwa. Kwenye miraba 64 hakuna cha kusingizia: kila kete ilipo, wewe ndiye uliyeiweka. Mtoto amekaa saa tatu au nne akijenga kitu taratibu, kisha hatua moja inabomoa vyote, na anajua ni mkono wake. Mwili nao haukujua kwamba ni mchezo tu. Moyo ulikuwa unaenda mbio, misuli imekaza, na saa ikisimamishwa mwili hautulii papo hapo. Nakumbuka mchezo wangu mmoja wa ujana. Nilibaki na ngome na askari wawili, mpinzani ana ngome peke yake. Hatua tatu au nne na kazi ingekwisha. Nikamsogeza mfalme mraba mmoja bila haja, nikamwachia mwenzangu nafasi ya kula askari mmoja na kumfunga wa pili njia, ikawa sare. Usiku ule nikifumba macho naona mraba uleule. Nilikuwa na miaka 19, mtu mzima. Binti yako ana 13, na yeye hakuambulia hata sare.

Halafu kuna namba. Bila shaka binti yako anayo, na bila shaka anaiangalia kila siku. Ni alama za Elo, zilizotungwa na Arpad Elo, profesa wa fizikia mzaliwa wa Hungaria aliyeishi Marekani. FIDE ilizipokea mwaka 1970. Wengi hudhani ni kipimo cha akili. Alama hizo hukisia tu matokeo: mwenye alama 200 zaidi ya mwenzake hutarajiwa kupata kama pointi tatu katika michezo minne. Ukipata zaidi ya ulivyotarajiwa unapanda, ukipata pungufu unashuka. Na hapa kuna jambo ambalo waalimu wengi hawawaambii wazazi. Kwa mchezaji aliye chini ya miaka 18 ambaye hajafika juu, kanuni za FIDE huifanya namba itikisike kwa nguvu makusudi, ili iweze kumfuata mtoto anayekua haraka. Akishindwa na mtu wa kiwango chake anapoteza alama 20. Grandimasta akishindwa vivyo hivyo anapoteza 5. Yaani namba ya binti yako inayumba mara nne ya namba ya mtu aliyekomaa, na imepangwa hivyo. Mwoneshe hesabu hii kwa kalamu na karatasi. Nimeona mabega ya watoto yakishuka kwa nafuu walipoielewa.

Tuje kwenye neno kipaji. Usione vyaelea, vimeundwa. Watafiti William Chase na Herbert Simon waliwahi kuwaonesha wachezaji mkao wa kete kwa sekunde tano, wakawaambia waupange upya kutoka kichwani. Mastadi waliupanga karibu wote, wanagenzi waliweka kete chache tu. Lakini kete zilipotawanywa ovyo, kwa namna isiyoweza kutokea mchezoni, yule mstadi akawa hana tofauti kubwa na mwanagenzi. Kumbukumbu yake haikuwa ya ajabu. Alikuwa na maelfu ya mipangilio aliyoizoea, kama wewe unavyosoma neno zima bila kutaja herufi moja moja. Huyo Judit Polgár aliye ukutani alijengwa hivyo. Baba yake, László, aliamini kwamba watoto hodari hutengenezwa kwa malezi, na yeye na mkewe Klára waliwafundisha mabinti wao watatu nyumbani. Susan na Judit wote wakawa magrandimasta mwaka 1991, Judit akiwa na miaka 15 na miezi minne, akiivunja rekodi ya Fischer iliyokaa tangu 1958. Baadaye aliingia katika kumi bora wa dunia, wanaume na wanawake pamoja. Mwaka 2002 alimshinda Kasparov katika mchezo wa muda mfupi.

Najua utaniambia: basi si hao Polgár hawakwenda shule? Ni kweli, na sitaki kukuficha mifano inayompa nguvu mwalimu wa binti yako. Gukesh aliacha kwenda shule ya kawaida baada ya darasa la nne, na akiwa na miaka 18 akawa bingwa wa dunia. Magnus Carlsen wa Norway alipewa mwaka mzima nje ya shule, akawa grandimasta mwaka 2004 akiwa na miaka 13. Lakini uliza kila mara nani alikuwa pembeni. Kwa Polgár, wazazi wote wawili walikuwa watu wa kazi ya kufundisha, na nyumba yao iligeuka shule yenye lugha, hisabati na sataranji kwa ratiba. Kwa Gukesh, baba yake, daktari wa upasuaji, alisimamisha kazi yake ili asafiri naye, mama akawa ndiye anayeendesha nyumba. Kwa Carlsen, familia nzima iliingia kwenye gari, wakazunguka Ulaya pamoja, na masomo yakaendelea njiani. Hakuna hata mmoja kati yao aliyetolewa shule akaachwa chumbani na simu.

Upande wa pili kuna Viswanathan Anand. Aliyemfundisha sataranji ni mama yake, Susheela. Akawa grandimasta wa kwanza wa India mwaka 1988, akasoma shahada ya biashara, na ubingwa wa dunia usio na mshindani akaupata mwaka 2007. Kuna Hou Yifan wa China, bingwa wa dunia wa wanawake akiwa na miaka 16, aliyekataa kuacha chuo kwa ajili ya kete. Alisoma Peking, akaenda Oxford, na mwaka 2020 akawa profesa Shenzhen akiwa na miaka 26. Na kuna Phiona Mutesi wa Katwe, Uganda, ambaye mimi humtaja kwa heshima kubwa ingawa hakuwahi kuwa katika mia bora. Yeye alikuwa ameshaacha shule kwa kukosa ada alipoanza kufundishwa mchezo na Robert Katende. Sataranji ndiyo iliyomrudisha darasani, kisha ikampeleka mpaka chuo kikuu. Kwake kete na shule havikuwa vinagombana hata kidogo.

Kwa hiyo jibu langu kuhusu shule: usimtoe, angalau sasa hivi. Simsemi vibaya mwalimu wake; anaona kitu kizuri na anataka kikue. Ila niliwahi kuwa na mwanafunzi aliyetolewa shule akiwa na miaka 14 kwa ushauri kama huo. Hakukuwa na mpango wa masomo, hakukuwa na fedha za safari, palikuwa na matumaini tu. Kila mchezo ukawa ni mtihani wa kuthibitisha kwamba wazazi hawakukosea. Alikuwa akicheza kwa mkono unaotetemeka. Mwaka ulipokwisha alikuwa amebaki palepale kiwango chake, darasa limemwacha, na hata ubao hakutaka kuuona. Mtoto anayefanya mazoezi mazuri saa moja na nusu kila siku na mashindano wakati wa likizo anaweza kwenda mbali sana kabla shule haijawa kizuizi. Siku akifika mahali ambapo kweli inazuia, matokeo yake yenyewe yatakuonesha, na hapo mwalimu atakuja na mpango ulioandikwa: nani anafundisha masomo, nani anasafiri naye, fedha zinatoka wapi, na mwaka ukiisha bila mafanikio anarudije darasani. Asipoweza kuyajibu hayo manne, mazungumzo yaishie hapo.

Sasa ile simu. Michezo ya dakika tatu usiku haimfundishi kitu, na hili mwambie limetoka kwa mtu anayeipenda michezo hiyo. Ukishindwa unabonyeza mara moja, mpinzani mwingine yuko tayari. Baada ya michezo kumi huchezi tena kwa kupenda. Unatafuta kurudisha alama ulizopoteza, kama mcheza kamari, na kadiri unavyochoka ndivyo unavyozidi kuzipoteza. Isitoshe, usingizi ndio muda ambao ubongo huweka sawa kile ulichojifunza mchana. Mtoto anayeukata usingizi ili afanye mazoezi anayamwaga mazoezi yenyewe. Simu ilale chumbani kwako, na yako iwe pamoja nayo ili asione anaadhibiwa. Mpe badala yake ubao wa kweli na mchezo mmoja wa zamani wa kuuchambua kabla ya kulala, polepole, kwa kuandika mawazo yake kwenye daftari.

Kuhusu kushindwa, najua atakuwa ameshaambiwa mara nyingi kwamba asiyekubali kushindwa si mshindani. Msemo ni mzuri, lakini ukimwambia mtoto dakika tano baada ya kipigo anausikia kama kukatazwa kulia. Mwache alie. Kaa naye. Usimuulize ilikuwaje mpaka mwenyewe aanze. Saa moja au mbili baadaye, au kesho yake, mwombe akuoneshe hatua moja aliyoipenda katika mchezo ule. Hata mchezo uliopotea huwa nayo. Huhitaji kuielewa, mhitaji ni yeye, anayelazimika kuieleza.

Yapo mambo ambayo yakitokea nakusihi usimsubiri mwalimu wa sataranji wala majibu ya mtu kama mimi anayeandika kwa mbali. Kama kukosa usingizi au kukataa chakula kunajirudia kwa wiki mbili. Kama anapungua uzito. Kama ameacha marafiki na hata sataranji yenyewe haimpi furaha. Kama anajiumiza, au anasema hana thamani au ni heri asingekuwepo, mpeleke kwa daktari au mshauri wa afya ya akili, na kama ni hayo ya mwisho iwe siku hiyohiyo. Ding Liren alikuwa bingwa wa dunia alipokiri hadharani kwamba hayuko sawa. Na kama mwalimu wake humtukana au kumwadhibu kwa kushindwa, au anataka kuwa naye faragha bila wewe kujua, badilisha mwalimu kwanza, mengine mtayaongea baadaye.

Nikizitazama dalili ulizoniandikia, sioni mtoto mgonjwa. Naona mtoto aliyechoka, anayependa kitu kwa moyo wote, na bado hajafundishwa namna ya kukibeba. Picha ya Fischer msiibandue. Mwongezeeni ya Mikhail Tal wa Riga, aliyezaliwa na vidole vitatu mkono wa kulia, akawa bingwa wa dunia mwaka 1960 akiwa na miaka 23, na akateswa na figo sehemu kubwa ya maisha yake. Mei 1992, mwili ukiwa umeshakwisha, alitoka hospitali mjini Moscow kwenda kucheza mashindano ya michezo ya dakika chache, akamshinda Kasparov aliyekuwa bingwa wa dunia. Mwezi mmoja baadaye akafariki, akiwa na miaka 55. Michezo ya Tal imejaa kete zilizotolewa sadaka, yaani alizoziacha ziliwe makusudi, ni rahisi kuifurahia hata kwa asiyejua mengi. Kesho jioni mwambie binti yako achague mmoja, mkae pande mbili za ubao, yeye asogeze kete za Tal na wewe za mpinzani, na kila hatua akueleze kwa nini.